Msiba wa Mpishi wa Meli

Mdogo wangu alipoondoka kwenda kutafuta kazi melini, mama alinilaumu mimi, na hakuwa amekosea sana. Nauza vitabu vya mtumba mjini Morogoro, kwenye kibanda kilichobanwa kati ya fundi simu na muuza viatu. Vitabu vinakuja kwa maboksi kutoka Dar es Salaam na mtu hachagui. Unafungua boksi unapokea ulichojaliwa. Vya mitihani havilali dukani. Vya namna ya kutajirika upesi navyo vinakwenda. Vinavyobaki ni vya safari: mtu kapanda meli, mtu kapotea jangwani, mtu kaacha mke na nyumba nzuri akaenda kuzunguka dunia kwa mashua ili ajue maisha yake yana maana gani. Vya namna hiyo hakuna anayevigusa. Mwenye kiu ya maana ya maisha hapa kwetu anakwenda msikitini au kanisani, tena hatozwi kitu.

Basi nikawa navisoma mwenyewe. Nikimaliza navipandisha nyumbani mlimani, upande wa Kinole, na mdogo wangu anavisoma baada yangu. Tofauti yetu ilikuwa moja. Mimi watu wa vitabuni walikuwa wananiudhi, nikawa nabishana nao kwa sauti hata kibandani, wateja wakidhani naongea na simu. Mtu analia juu ya sitaha ya meli kwamba hajijui yeye ni nani, na huku amekula, amevaa, na kuna mwenzake anamwoshea sahani. Mdogo wangu hakubishana nao. Aliwaamini.

Alikuwa amemaliza kidato cha nne, akajaribu bodaboda, akajaribu shamba la pilipili manga la mama, vyote vikamshinda kwa sababu ambazo hakuzieleza vizuri. Siku moja akaaga. Alisema anakwenda kujitafuta, kama vijana wote wanavyosema siku hizi. Mama akamuuliza anajitafutaje na hali amekaa mbele yake anakunywa uji. Alimaliza uji, akaosha kikombe, akashuka.

Kutoka Dar alipiga simu mara chache. Mara ya mwisho alisema amepata kazi jikoni kwenye meli, inaondoka, na huko iendako simu haitashika. Nyuma ya sauti yake tulisikia honi nzito, ndefu, na mama akasema hiyo ndiyo meli yenyewe. Baada ya hapo, kimya. Vuli ikanyesha ikaisha, masika ikaingia, namba ikawa haipatikani.

Wakati huohuo macho ya mama yakawa yanazimika. Ulikuwa ugonjwa wa mtoto wa jicho, pande zote mbili, na daktari mjini alisema ni upasuaji mdogo tu, mtu anaingia asubuhi na kutoka. Mama alikataa. Mjomba alikuja kuzungumza naye, na kwetu Uluguru mjomba akishazungumza neno limekwisha, lakini hata yeye alishuka mlima ameshika kofia mkononi. Mama alimwambia, "Nikafunguliwe macho nimtazame nani?"

Hapo nikafunga safari. Kibanda nilimwachia mke wa fundi simu, nikapanda kwenda kukaa na mama mpaka akili imrudie. Nilidhani ingekuwa wiki moja. Siku niliyofika, kabla sijatua begi, aliniagiza nilete vile vitabu vya bahari kutoka chumbani kwa mdogo wangu.

"Vilimchukua mwanangu," akasema. "Basi vinieleze vimempeleka wapi."

Kulikuwa na tatizo moja. Kwetu mlimani hadithi haisimuliwi jua likiwa juu. Ukisimulia mchana, mama yako atapotea njia. Ndivyo tulivyolelewa, na wazee wa kijijini hawaoni jambo la kucheka hapo. Na usiku mama alikuwa hafai kitu. Akishaswali isha analala pale pale juu ya mswala. Nilimwambia kwamba hizi hazikuwa hadithi, ni habari za safari. Watu walisafiri, wakaandika waliyoyaona. Alilipima hilo jambo kwa muda mrefu, akavunja karanga kadhaa, akasema kama ni habari nisome.

Tukawa tunakaa barazani kila siku baada ya kazi za asubuhi, yeye kwenye kigoda, mimi kwenye mkeka. Vitabu vilikuwa vya Kiingereza, kwa hiyo nilisoma kwa macho na kusema kwa Kiswahili, polepole, na wapita njia wakawa wanasimama kusikiliza kidogo kisha wanaendelea na mizigo yao. Kijiji kizima kikajua kwamba kwenye baraza ile, mchana, binti anamsomea mama yake habari za baharini.

Sijawahi kumwona msomaji kama mama. Mimi vitabu vile nilivisoma nikitafuta maneno mazuri. Yeye alitaka kujua mboga wanapata wapi. Kuni za kupikia nani anabeba, na zikilowa? Nguo wanaanika wapi kwenye upepo ule? Meli ikigeuka, kibla wanakijuaje? Hilo la kibla lilinishinda kabisa, kwa sababu watu wa vitabu vile walikuwa hawaswali mpaka dhoruba ianze. Alisikitika sana kusikia hivyo. Nahodha mmoja aliyekaa sura nzima akijiuliza yeye ni nani alimchosha upesi. "Huyo hana kazi," akasema. "Ruka."

Kitabu cha tatu ndicho kilichokuwa na mpishi. Kilikuwa kinene, jalada limetoka, na ndani yake mlikuwa na meli ya mizigo, nahodha mkali na mpishi kijana asiyesema sana. Nilipotamka neno mpishi, mama aliacha kuvunja karanga.

Kuanzia hapo hatukuwa tunasoma habari za meli tena. Tulikuwa tunamsoma mpishi. Anaamka saa ngapi, analala wapi, wakubwa wanamtendeaje. Alipoungua mkono mama alitaja majani ya kupaka. Alipounguza supu mama alicheka mpaka akakohoa, akasema hata huyu wake alikuwa anasahau sufuria jikoni. Jioni majirani wakija kumjulia hali aliwaambia mpishi hajambo, leo wamefika bandari fulani, amenunua vitunguu. Nao wakawa wanauliza, "Mpishi vipi, ana habari gani?" Na mama anajibu. Hakuna aliyeuliza ni mpishi gani. Mimi nilikuwa nimekaa pale pale nachambua mchele, nikaona hakuna haja ya kuwavuruga watu.

Katikati ya kitabu mpishi akafa.

Mimi husoma sura moja mbele ili nisikwame kwenye maneno magumu, kwa hiyo niliyaona mapema, peke yangu, nikiwa nimekaa nyuma ya nyumba kwenye migomba. Wimbi lilimchukua na hawakumwona tena. Nilikifunga kitabu nikakaa. Niliogopa, kwa kweli. Nilikuwa na miaka yangu mingi na akili zangu timamu, nikamwogopa mtu wa kwenye karatasi.

Kesho yake niliruka ile sura. Nikasoma iliyofuata, yenye nahodha, na mabaharia, na mvua. Mama alisikiliza kwa adabu, kisha akauliza, "Mpishi yuko wapi?"

"Yuko jikoni," nikasema.

"Mbona hapiki?"

Ikabidi apike. Nilimpikisha ugali kwa dengu siku hiyo, sijui dengu alizitoa wapi. Kila siku nikawa naingiza mpishi wangu katikati ya mambo ya watu wengine. Nilimfanya amtibu nahodha tumbo kwa tangawizi. Nilimfanya atengeneze kachumbari, mabaharia wakagombania. Mama alinenepa kwa ile kachumbari. Lakini kitabu hakikuwa changu na mwandishi alikuwa na njia yake. Meli ilikuwa inarudi, na sura ya mwisho ilikuwa pale bandarini, na mama mzazi wa mpishi amekuja kumpokea mwanawe. Hapo sikuona pa kumpitishia mtu hai. Nilijaribu njia zote na hakuna iliyokubali. Nikaamua nimwambie mama ukweli wa kitabu, halafu nimweleze taratibu kwamba kitabu ni kitabu na mwanawe ni mwanawe.

Alasiri moja, mama akiwa amejinyoosha chumbani, niliingia kwenye banda la jikoni kujaribu maneno. Maneno ya namna ile hayatoki vizuri mara ya kwanza. Nilisimama mbele ya mafiga nikasema, "Mama, mpishi amezama." Ikawa kali sana. Nikasema, "Mama, ile meli ilipata dhoruba. Mpishi alichukuliwa na maji. Wamemtafuta hawakumwona." Hiyo ilikuwa afadhali. Niliirudia, na sauti ikanikatika, maana moshi ulikuwa mwingi na mimi mwenyewe sikuwa mzima.

Nje, jirani yetu mmoja alikuwa amekuja kurudisha ungo. Aliniambia baadaye kwamba alisimama pale mlangoni akasikia yote. Ilikuwa mchana, kwa hiyo haikuwa hadithi. Nilikuwa nalia, kwa hiyo haikuwa mzaha. Akafanya kama mtu mwenye adabu anavyofanya kwetu akisikia kifo kabla wenyewe hawajakitangaza: hakuniuliza kitu. Aliuweka ungo ukutani, akaondoka kwa ncha za vidole kwenda kuwaita watu.

Asubuhi nilikuwa nafagia uwanja nilipowaona wanawake wakipanda njia yetu, kanga zimefunika vichwa, wengine na mafungu ya kuni, wengine na mikungu ya ndizi, mmoja na debe la unga. Nikajua kuna msiba huko juu mlimani. Nikaanza hata kuhesabu wagonjwa wa nyumba za juu, nani atakuwa ameondoka, nikatupa ufagio nikakimbilia ndani kuchukua kanga yangu niungane nao. Nilipotoka walikuwa wameingia uwanjani kwetu. Wa kwanza alinikumbatia akaangua kilio.

Nikamuuliza nani amekufa. Alinitazama kwa huruma nyingi, akamwambia mwenzake anishike, nisije nikaanguka.

Mama alitoka akipapasa ukuta. Macho yake yalikuwa yanaona mwanga na vivuli tu, lakini masikio yalikuwa mazima, na kilio cha msiba hakifanani na kilio kingine. Alisema, "Nani?" Alisubiri. Halafu aliteremka taratibu mpaka akakaa chini, kwenye vumbi nililokuwa nafagia, akasema, "Mpishi."

Sijapata kuchukia kitabu kama nilivyokichukia kile wakati ule. Nilijinasua mikononi mwa wale wanawake, nikaingia ndani, nikatoka nacho nimekiinua juu.

"Aliyekufa yumo humu," nikasema kwa sauti ambayo mpaka leo naionea aibu. "Ni mpishi wa kitabu. Mdogo wangu hatujasikia habari zake. Hakuna msiba."

Watu walikitazama kitabu, wakanitazama mimi. Niliona wazi kwamba hawaniamini. Kwa mtu aliyefiwa hayo ni maneno ya kawaida. Aliyeniokoa ni mwalimu wa shule ya msingi, mtu wa Gairo aliyehamia kwetu, ambaye alikuwa amekuja na wanaume kuuliza kama kuna maiti ya kuzika au ni kisomo tu. Aliniomba nimwonyeshe ukurasa. Akavaa miwani, akasoma kimya huku akifuatisha mistari kwa kidole, uwanja mzima umetulia unamsubiri.

"Ni kweli kuna mtu amezama humu," akasema mwishowe. "Lakini ni Mzungu."

Vilio vikapungua kimoja kimoja, kwa aibu aibu. Jirani wa ungo alikuwa amejificha nyuma ya wenzake. Mama bado alikuwa chini. Nilipiga magoti mbele yake nikamshika mikono, ilikuwa ya baridi.

"Kwa hiyo hamjui," akasema.

"Hatujui, mama."

"Tangu lini amekufa huyo wa kitabuni?"

"Tangu kabla ya Ramadhani."

"Na ile kachumbari?"

"Ilikuwa yangu."

Akatikisa kichwa, si kwa hasira. Aliniegemea akainuka, akajikung'uta vumbi, akawaambia wanawake waingie jikoni, kwa sababu chakula cha msiba kikishapanda mlima hakirudi kikiwa kibichi. Wakapika. Nafikiri alitaka tu watu wasiondoke, wasimwache na lile neno alilokuwa amelisema pale chini. Mimi nilikuwa nalitaka hivyohivyo.

Mtani wetu alichelewa. Anatoka ukoo ambao tangu enzi za mababu kazi yao ni kutuchekesha kwenye misiba yetu, nasi kwao, na alikuwa hajasikia kwamba msiba umevunjika. Tulimwona anapanda njia akiogelea. Mama mtu mzima, mwenye wajukuu, amelowesha kanga mpaka inachuruzika, anapiga mikono hewani na kutema maji, anasema yeye ndiye marehemu, ametembea chini ya bahari mpaka hapa, mtu ampishe amesikia harufu ya wali. Siku nyingine ningecheka. Watu wakamnong'oneza. Alisimama na maji yake yakidondoka, akafikiri, akasema kama hakuna maiti basi yeye amelowa bure na haondoki mpaka alipwe kwa sahani ya watu wawili. Mama akasema apewe. Ilikuwa mara ya kwanza tangu asubuhi mdomo wake ulegee.

Kumbe habari zilikuwa zimeshashuka mlima usiku uliopita. Kwenye kundi la WhatsApp la ukoo palikuwa na Innalillahi na picha ya mdogo wangu amevaa sare ya shule, na chini yake pole zisizo na mwisho. Aliyeiweka aliifuta, lakini ilikuwa imeshafika sokoni Morogoro, Dar, Ifakara na kwa ndugu wengine ambao sikujua kama wana simu. Nilikaa na simu yangu nikijibu mmoja mmoja kwamba hajafa, halafu nafuta, naandika kwamba hatujui. Neno hilo la pili liliniumiza vidole. Watu wa mbali walikuwa wamemlilia kwa uhakika, na sisi wenye mtu hatukuwa na uhakika hata wa kulia.

Alasiri wengi walikuwa wameshakula na kuondoka. Wengine walibaki wamekaa na mama barazani, na kila anayefika anamwamkia, naye anaitikia bila kuinua uso, kama alivyofanya siku nzima. Bodaboda ikasimama chini ya uwanja. Mtu akapanda, akaja mpaka mbele ya mama.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba," mama akajibu, kama alivyowajibu wote.

Kisha akainua uso. Mimi nilikuwa natoka jikoni na sinia la vikombe, na nililiweka chini kwa uangalifu kabisa, sijui kwa nini, nikahakikisha vikombe havimwagiki. Mama alinyoosha mikono akampata usoni. Alimpapasa masikio, paji la uso, kidevu kilichokuwa na ndevu chache ambazo hakuondoka nazo. Akamvuta karibu akamnusa.

"Unanuka mafuta ya chipsi," akasema.

Mdogo wangu akaanza kulia. Akasema hapo hapo, mbele za watu, bila kungoja kuulizwa. Bandarini alifika kweli. Aliyemwahidi kazi hakumwona. Alikaa nje ya geti muda mrefu akiona meli zinaingia na kutoka, na ile siku alipotupigia simu alikuwa kwenye uzio; honi tuliyoisikia ilikuwa ya meli iliyokuwa inaondoka bila yeye. Alisema amepata kazi jikoni kwa sababu ndilo neno lililokuja. Aliogopa kusema vinginevyo. Baadaye alipanda basi kurudi nyumbani, lakini basi liliposimama Msamvu, stendi ya Morogoro, alivuta kofia usoni akashindwa kushuka. Lilikuwa linakwenda Dodoma, naye akaenda nalo mpaka Dumila, akashuka pale kwa sababu alisikia njaa. Na Dumila ndiko alikokuwa, muda wote ule, anakaanga chipsi na kuchoma kuku kwenye mgahawa wa pembeni mwa barabara. Namba aliibadilisha. Fuso zinazobeba ndizi za kwetu zikisimama hapo ili watu wapate chakula, yeye alikuwa hatoki jikoni.

Mchana wa siku hiyo fuso ilisimama. Kupitia dirisha la kutolea sahani alisikia akina mama wawili wa kijijini wakisema watageuza mapema, kuna msiba wa yule kijana wa melini, mama yake masikini haoni na sasa hili. Akatoka na koleo la kuchomea kuku mkononi, na aproni, akasimama mbele yao. Mmoja alianza kusoma aya. Mwingine, mwenye moyo mgumu zaidi, alimwambia avue hiyo aproni apande gari la kurudi sasa hivi.

Alipomaliza kueleza nilivua kanga yangu nikampiga nayo mgongoni. Nilimpiga tena. Aliniacha. Kisha nikakaa kwenye ngazi za baraza nikacheka mpaka mbavu zikaniuma, na nilipojishika uso ulikuwa umelowa. Miezi yote ile tulikuwa tunamwona kwenye mawimbi, na yeye alikuwa njia ya Dodoma, mtu unafika kabla ya chakula cha mchana. Nilimshukuru Mungu kwamba mdogo wangu ni mwongo. Sikuwahi kumshukuru Mungu kwa jambo lenye raha kama hilo.

Mtani wetu alikuwa bado yupo, maana alisema hajashiba. Alimshika mdogo wangu mkono akawatangazia waliobaki kwamba watu wameshakula cha msiba, kwa hiyo kijana afe, mambo yaende kwa utaratibu. Mama alimwambia amwachie mpaka kesho. Watu wakacheka, na kicheko chenyewe kilikuwa kikubwa kuliko maneno, kila mtu alikuwa amekibana tangu asubuhi.

"Bahari umeiona?" mama akamuuliza mwanawe, wageni walipopungua.

"Kwa mbali, mama. Nyuma ya uzio."

"Basi kaa nikueleze."

Akamweleza. Mwanamke ambaye hajawahi kufika hata Bagamoyo alimsimulia mwanawe jinsi maji yanavyobadilika rangi ukiacha nchi kavu, jinsi sufuria zinavyofungwa kwa kamba ili zisimwagike, kwa nini vitunguu vinunuliwe kila bandari, na kwamba maji ya chumvi yanafaa kwa udhu lakini hayapiki chai. Mdogo wangu alisikiliza ameinamisha kichwa. Aliuliza maswali, na mama aliyajua majibu. Mimi nilikuwa naosha vyombo nikifikiria wale watu wa vitabuni waliokwenda mbali kujitafuta, nikaona kwa mara ya kwanza kwamba sikuwa na ugomvi nao. Ni kwamba hakuna kitabu hata kimoja kilichokwenda kumwangalia aliyebaki nyumbani anafanya nini wakati huo.

Juma lililofuata mama alikubali kushuka kwenda kupasuliwa macho, na hakuna aliyembembeleza. Alisema tu kwamba sasa ana mtu wa kumtazama, na zile ndevu anataka azione kabla hazijanyolewa. Asubuhi ya siku ya safari, mabegi yakiwa mlangoni, tunangoja gari, aliniagiza nilete kile kitabu.

"Soma pale uliporuka," akasema.

Nilimtazama mdogo wangu. Alikuwa amekaa kwenye mkeka karibu na kigoda cha mama. Nikafungua, nikasoma kama kilivyoandikwa, sikuongeza wala kupunguza. Dhoruba ilikuwa imeanza kutulia. Mpishi alitoka jikoni kufunga pipa la maji lililokuwa limelegea, kwa sababu bila pipa lile watu wasingekunywa. Wimbi likaja kwa nyuma. Nahodha, yule mkali, aliizungusha meli mahali pale mpaka giza likaingia, akiita. Waliporudi ndani walikuta chungu bado kinatokota, wakakiacha mpaka moto ukazimika wenyewe, hakuna aliyetaka kukigusa.

Mama alijifunika kanga kichwani akalia. Hakulia kama watu wanavyolilia hadithi. Alilia kwa sauti, kama tunavyolia sisi, akimtaja mpishi na supu yake iliyoungua na mkono wake uliobabuka. Mdogo wangu aliogopa akataka kumnyamazisha, nikamwonyesha kwa mkono amwache. Tangu mdogo wangu aondoke, mama hakuwa amelia hata mara moja. Hata siku ile ya vumbi hakutoa chozi. Sasa alikuwa ameshika goti la mwanawe, analilia mtoto wa mtu mwingine.

Gari lilipiga honi kule chini. Alijifuta uso, akakaa sawa.

"Mama yake alipata habari?" akauliza.

Nikamwambia hayo yamo kwenye sura ya mwisho, amekuja bandarini kumpokea mwanawe na bado hajui kitu.

"Dereva angoje," akasema. "Soma na hiyo. Yule mama tusimwache peke yake."